Matusi ya Kiskoti Yaliyopanda Mlima wa Newala

Tangu nirudi sina raha. Nikienda kisimani naulizwa, nikitoka kanisani nashikwa mkono, hata jana naosha vyombo mtu ananichungulia juu ya ua: "Mama Sesilia, eti ni kweli Bibi Isobeli alimtukana Bwana Shauri mchana kweupe mbele ya boma la Newala?" Ndiyo, ni kweli. "Na eti kofia ya Bwana Shauri uliivaa wewe?" Niliivaa, na ilinikaa. Lakini mkisikia vipande vipande mnaongeza na vya kwenu, na wiki hii nimesikia kwamba tulimfunga kamba. Hatukumfunga mtu kamba. Basi nimeketi niandike yote tangu mwanzo, msomeane ninyi kwa ninyi, mniache nipike.

Mambo ya kuomba ruhusa shuleni na kutafuta nafasi kwenye lori nayapita. Hayana chumvi.

Kilichotutoa Masasi

Mtani wangu Mama Yohana wa Chilangala mnamjua kwa jina, maana simalizi wiki bila kumsema vibaya. Ukoo wake na ukoo wetu wa Lupaso walipigana zamani, wakatekana, wakachoka, na tangu hapo wanazikana. Tulilala chumba kimoja tukiwa wasichana wa shule. Yeye alinitukana siku ya kwanza kwa sababu ya miguu yangu, mimi nikamtukana kwa sababu ya kukoroma kwake, na hatujapumzika mpaka leo.

Mumewe, mwalimu wa dini, alifariki kabla ya mabibo kuiva. Habari zilinifikia ameshazikwa. Kisha ukaja ujumbe mwingine kutoka kwa mwanawe mkubwa, Yohana, kupitia mtu wa kanisa aliyekuwa anashuka Masasi: "Mwambieni mtani wa mama aje. Mama hasemi. Chakula anakitazama tu. Jumamosi tunaondoa matanga, na sisi wenyewe tumeshindwa."

Mwenzenu nilikaa chini. Mnajua Mama Yohana anavyosema! Yule anasema hata akipiga mswaki. Kama amenyamaza, basi alikuwa anamfuata mumewe pole pole, huku ameketi. Padri amekwisha kwenda, dada zake wamekwisha kulia naye, na watoto wamembembeleza wee. Aliyebaki ni mtani, maana mtani ndiye mwenye ruhusa ya kumwendea mfiwa na kumwambia upuuzi mpaka acheke. Nisipofika Jumamosi kabla watu hawajatawanyika, nani mwingine?

Bibi Isobeli akasikia. Bibi huyu ninafundisha naye shule moja, na kosa kubwa unaloweza kumfanyia ni kumwita Mwingereza. Atakwambia, shingo imewiva, kwamba yeye ni Mskoti. Wasichana wetu walishamwuliza kama Waskoti ni kabila gani la Waingereza, akawapa adhabu ya kufyeka. Basi Bibi, akishamaliza kusahihisha madaftari, ana kazi nyingine mezani kwake: anasoma mashairi ya zamani mno ya kwao, ya enzi za wafalme wao wenyewe, na kila neno analichomoa na kuliandika kwenye kipande cha karatasi, pamoja na mstari alimolikuta. Vipande hivyo hupelekwa kwao, kwa wataalamu wanaotunga kamusi ya Kiskoti cha kale. Mimi nilivitazama nikashika kichwa. Neno moja, huyu ameliandika hivi, yule ameliandika vile, wa tatu naye kaja na lake. Mtoto wangu wa darasa angeniandikia hivyo angelia.

"Nichukue, Mama Sesilia," akaniambia. "Nimekuwa nikisoma matusi miaka yote hii, sijawahi kuyasikia yakitolewa."

"Huku kwetu ungeomba tu," nikamjibu.

Masasi mpaka mguu wa mlima

Tuliondoka Ijumaa asubuhi kwa lori la Dereva Saidi, juu ya magunia ya chumvi. Bibi alikataa kukaa mbele. Alikaa nyuma nasi, kofia kubwa kichwani, kopo la biskuti mapajani, na ndani ya kopo hamna biskuti hata moja ila maneno yake.

Njiani nikamwambia anieleze hao washairi wake, safari iende.

"Walikuwa wawili," akasema. "Mmoja mtu wa nyanda za chini, mwingine mtu wa milima ya magharibi, ambako wazee walisema lugha nyingine kabisa. Wote washairi, wote watu wa kwa mfalme. Wakatukanana kwa mashairi, zamu kwa zamu. Huyu anamwambia yule lugha ya wazee wako ni kelele, uso wako unatisha watoto, umekonda kwa njaa. Yule anamjibu ukoo wenu ni wasaliti tangu babu yenu wa kwanza."

"Na mfalme?"

"Alikuwa anasikiliza."

"Alikasirika?"

"Inaelekea alifurahi sana."

"Wakapigana?"

"Hakuna palipoandikwa kwamba walipigana."

"Aa, basi walikuwa watani."

Bibi akanitazama kama anavyomtazama mtoto aliyekosea jibu lakini ana bidii. "Mama Sesilia, wapo wataalamu wanaosema ulikuwa mchezo tu. Mimi nimeandika sura nzima kuonyesha kwamba ilikuwa chuki. Mtu hawezi kuhangaika kutafuta matusi mazuri namna ile kwa ajili ya mtu anayempenda."

Loo! Nilicheka mpaka nikateleza kwenye gunia. "Bibi, mimi tangu tumetoka Masasi namtafutia Mama Yohana matusi, nayachagua kama mtu achaguaye kitambaa cha harusi. Nikikosa zuri nitaona aibu kuingia kwake."

"Hiyo ni desturi yenu," akasema. "Kwetu hapakuwa na kitu kama hicho."

Nikanyamaza. Kunyamaza kwangu, mnajua wenyewe, huwa hakudumu.

Kabla ya kufika mguu wa mlima lori likazama mchangani. Dereva Saidi akashuka, akalizunguka, akalitolea maneno ambayo Bibi angeyapenda, kisha akasema wanaume wakate matawi na wanawake tukae kivulini. Wenyeji wakatuletea mihogo ya kuchoma, na mama mmoja akatuandalia ugali na kitoweo cha mchuzi wa karanga. Bibi alikula kwa heshima, halafu akala kwa nia.

"Nyama gani hii?" akaniuliza.

"Mnyama wa shambani. Anakula karanga na mihogo tu, msafi kabisa."

"Kama sungura?"

"Mdogo wake."

Akaomba kingine. Dereva Saidi, ambaye kwa dini yake hali kitu hicho, aligeukia upande wa pili, mabega yakimtikisika. Nilimwambia Bibi ni panya tulipofika Newala. Akafikiri kidogo, akasema bado ni kitamu kuliko nyama ya kopo. Kwa jibu hilo nilimsamehe mambo mengi.

Sasa sikilizeni lililotokea pale kivulini. Bibi baada ya kula alitandika kanga, akamwaga vile vipande vya karatasi avipange upya. Matawi yalipowekwa akaitwa kusukuma, maana sasa kila mtu alisukuma, Mzungu na asiye Mzungu. Lori likakataa, wanaume wakarudi kupumzika, tumbaku wanayo, karatasi hawana. Na pale kwenye kanga karatasi zimejaa, nyembamba, safi, zimekatwa sawasawa kama zilitengenezwa kwa kazi hiyo. Bibi aliporudi, kivuli kizima kinafuka moshi.

"Usivute!" akapiga kelele. "Hilo ni neno!"

Mzee mmoja akaitoa sigara mdomoni. "Neno gani, Bibi?"

"Linamaanisha mtu mchafu asiye na haya!"

Mzee akaitazama ile sigara, akairudisha mdomoni. "Ndiyo maana inawasha," akasema.

Bibi alikimbia huku na huku akiwanyang'anya, na wao, kwa adabu, kila mmoja alipiga pafu la mwisho kabla ya kumpa. Alivyookoa vilikuwa vichache na vimeungua pembe. Nilidhani atalia. Hakulia. Alikaa chini, akafumba macho, akaanza kuyakariri yale maneno yaliyokwenda na moshi, moja baada ya moja, asije akayasahau kabla ya kupata karatasi nyingine. Mwalimu mzima, mtu wa misheni, anakariri matusi kama mtoto anavyokariri kuzidisha! Yalikuwa na sauti nzito, "r" zinabingirika kama mawe kwenye debe, na "kh" ya kukwangua koo. Abiria wakadhani anasali. Wakavua kofia.

Kupanda mlima

Lori likatoka jua likielekea kuchwa. Kupanda mlima kwenda Newala mnakujua ninyi mliopanda. Wengine niwaambie tu kwamba kuna kona ambapo Dereva Saidi husema "Bismillahi" na Wakristo wote hujibu "Amina". Mbele yetu kilima, nyuma yetu nchi yote imelala chini, majabali ya Masasi madogo kama vijungu vilivyofunikwa. Bibi hakuona kitu. Alikuwa anakariri.

Ili nimtulize nikamwuliza habari za kwao. Akaniambia zamani watu wake na Waingereza walipigana miaka na miaka. Mpakani waliibiana ng'ombe usiku, wakachomeana nyumba, wakatekana wakalipana fidia. Kisha mfalme wa Uskoti akarithi na kiti cha Uingereza, na baadaye nchi zikaungana.

"Na sasa mnaoana?"

"Sana."

"Mnazikana?"

"Bila shaka."

"Mnacheka lugha yao, nao wanacheka yenu?"

"Wao ndio wanacheka," akasema kwa uchungu.

Nikapiga kofi. Mliibiana ng'ombe, mkatekana, mkaoana, mkazikana! Sasa mimi nilihitaji ushahidi gani tena? "Bibi, ninyi na Waingereza ni watani. Tena watani wa damu kabisa."

"Hapana, Mama Sesilia."

"Ndiyo."

"Hapana!"

Nikaona hajui tu haki zake, nikamhurumia.

Newala: kofia

Tulilala kwa watu wa kanisa. Bibi aliomba maji ya kuoga, akaletewa kikombe. Akauliza ni ya kunywa au ya kuoga. Mwenyeji wetu akamwambia, "Chagua mwenyewe, Bibi." Akachagua kunywa, akaenda kulala na vumbi lake kama sisi wengine.

Asubuhi ya Jumamosi Dereva Saidi akatuletea habari mbaya: springi imekatika, lori haliendi popote. Kwa miguu tungefika Chilangala jua limeshapinduka, watu wamekwisha kula na kuaga, mtani hakutokea. Nilimfikiria yule mwenzangu ameketi kwenye mkeka, anaitazama njia au pengine haitazami kabisa, na hasira zikanipanda, sijui za nani.

Mbele ya boma kulikuwa na landrova, na Bwana Shauri amesimama kando yake. Ndiye mkuu wa wilaya, Mwingereza mrefu, mgeni bado, Kiswahili chake kimenyooka kama rula. Tarishi wa boma, mzee wa Kimakonde mwenye chanjo usoni, akatwambia Bwana anaelekea upande wa Chilangala kukagua mashamba ya korosho. Ndani ya gari viti vitupu. Pembeni wanawake na madebe yao wamepanga foleni wakingoja maji, wote wametega masikio.

Bibi akaenda, akazungumza naye kwa Kiingereza, kwa upole mno, mikono ameifumbata. Akarudi.

"Amekataa. Anasema gari ni la kazi ya serikali."

"Kakataa? Mtani wako?"

"Mama Sesilia, nakuomba, yule si mtani wangu."

Jamani, mimi sikwenda Newala kubembeleza. Kofia ya Bwana Shauri ilikuwa juu ya boneti. Nikaichukua, nikaivaa, nikafungua mlango wa landrova, nikaketi.

Foleni yote ikavuta pumzi. Ninyi mnaonicheka hapa, nisemeni mtakavyo, lakini nilijua ninachokifanya. Kama ningekuwa peke yangu, ile kofia ingenipeleka mahabusu. Nilitegemea ngozi ya Bibi na akili ya tarishi, aliyenisikia nikimwita Bwana mtani wa Bibi, basi.

"Wewe mama," Bwana Shauri akasema, "hiyo ni kofia yangu."

"Najua, Bwana. Ni ya Bibi Isobeli sasa. Nimemkamatia tu, mpaka utakapoikomboa."

Bwana Shauri akamgeukia tarishi. Tarishi, Mungu amweke, hakucheka. Alisimama wima akamweleza kama anayetoa taarifa ya baraza: "Bwana, hii ni sheria ya utani. Bibi huyu kabila lake na kabila lako mlipigana zamani. Mtani akichukua kitu chako, unalipa. Ukikasirika, unalipa mara mbili."

"Nani amekasirika?" akauliza Bwana Shauri, masikio yamekuwa mekundu.

"Hakuna, Bwana," tarishi akajibu. "Ndiyo maana bado ni mara moja."

Wanawake wa madebe wakaanza kupiga vigelegele. Nikamwita Bibi: "Haya, mtukane! Usimwachie!" Bibi alisimama katikati ya kiwanja, anatamani ardhi immeze. Akafungua mdomo aniombee radhi, mimi nadhani. Lakini kumbukeni, tangu jana mchana kinywani mwake hamna kitu kingine. Kilichotoka ni Kiskoti. Lilipotoka moja likavuta la pili, na la pili likavuta maneno yote yaliyobaki, zikabingirika zile "r", zikakwangua zile "kh", na Bibi akanyoosha kidole, sauti ikapanda, kofia yake ikaanguka asiione. Hakuna aliyeelewa hata neno. Na hakuna aliyekuwa na shaka maana yake.

Mwisho akaishiwa pumzi. Bwana Shauri akakohoa.

"Lugha gani hiyo?"

"Kiskoti cha kale," akasema Bibi, amejishika kifua.

"Mwalimu wangu wa hesabu alikuwa Mskoti," akasema Bwana Shauri pole pole. "Alikuwa ananiambia maneno ya namna hiyo kila siku, mpaka leo nikiona hesabu za sehemu najificha." Kisha akamwangalia Bibi vizuri, na mdomo ukamcheza. "Hata hivyo ninyi Waskoti ni wabahili. Mnaomba gari la bure kwa matusi ya watu waliokufa zamani."

Loo, amejibu! Vigelegele vikazidi, tarishi sasa akacheka mpaka akajifuta macho. Bwana Shauri akafungua mlango wa nyuma wa gari. Nikashuka, nikamrudishia kofia yake kwa mikono miwili na kupiga goti, maana adabu sikuiacha Masasi.

Barabara ya Chilangala

Njiani mikorosho imeinamisha matawi mpaka chini, mabibo mekundu na manjano yameoza mchangani, harufu yake inalewesha hata mtu asiyekunywa. Bwana Shauri na Bibi mbele walitukanana njia nzima kwa Kiingereza. Nilishika machache: uji wenu una chumvi, wetu una sukari, mfalme wenu alikuwa hivi, malkia wenu alikuwa vile. Mara Bibi akageuka nyuma, uso unang'aa.

"Ajabu, Mama Sesilia. Pale bomani nilikuwa simpendi mtu huyu."

"Na sasa?"

"Sasa naona ni mpumbavu, lakini ni mpumbavu wangu."

"Andika hilo kwenye kipande cha karatasi," nikamwambia.

Mimi huko nyuma nilikuwa nayapanga ya kwangu. Nitapaza sauti tangu njiani, desturi ndivyo inavyotaka: "Nimesikia humu kuna mjane anakoroma peke yake sasa, marehemu amekwenda kutafuta usingizi!" Kisha nitavaa koti la marehemu, nitatembea kama alivyotembea, na kile kifimbo chake. Kisha nitadai mbuzi. Nilikuwa nayo mengi, mazuri, yamepangika. Nilijiona kama fundi anayekwenda kazini na mfuko wake wa vifaa.

Chilangala

Bwana Shauri alitushusha njia panda akaenda kwenye korosho zake. Yohana akatukimbilia. Amekuwa mtu mzima, lakini macho ya mtoto aliyepotelewa.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba, mwanangu. Yuko wapi huyo mkoromaji?"

"Uani. Afadhali umefika. Asubuhi hata maji hakutaka."

Uani wanawake wamejaa kwenye mikeka. Waliponiona wakaanza kutabasamu, maana mtani akiingia watu hujiweka tayari. Nikaingia na kifua mbele. Nikamwona.

Nitawaambia nini? Mama Yohana tuliyemjua, mikono minene, shingo ya mwanamke anayekula na kulala, hakuwepo. Palikuwa na kitambaa cheusi na ndani yake mifupa imeegemezwa ukutani. Macho yanatazama mkeka. Nikafungua mdomo. Matusi yote, yale niliyoyachagua tangu Masasi, hakuna hata moja lililonijia. Nikasimama pale, mimi, Mama Sesilia, machozi yananitiririka mpaka kidevuni.

"Mtani analia!" mama mmoja akanong'ona kwa hofu. Na kweli ni jambo la hofu. Wakilia wote, mtani ndiye asiyelia. Yohana akafunika uso wake kwa mikono. Nilijua nimeshindwa, na kwamba nikigeuka nikatoka pale, basi yule amekwenda.

Hapo ndipo Bibi Isobeli, maskini ya Mungu, alipokosea kosa ambalo kwetu hata mlevi hawezi kulifanya. Alikuwa ameshajifunza Newala kwamba mwenzio akikwama unaingia. Haki ya utani ni ya nani kwa nani, hilo lilikuwa bado halijamkaa kichwani. Akanipita, akasimama mbele ya mjane aliyevaa nguo za msiba, asiye mtani wake, asiyemjua kabisa, akamnyooshea kidole, akamporomoshea Kiskoti chote cha enzi za wafalme wao.

Ua mzima ukaganda. Mtoto mmoja akaanza kulia. Yohana akasimama, mishipa imemtoka shingoni, akapiga hatua kumwendea Bibi.

"Kaa, Yohana."

Sauti ilikuwa imekwaruza kama mlango usiofunguliwa siku nyingi. Tuligeuka sote. Mama Yohana alikuwa ameinua kichwa, anamtazama Bibi.

"Huyu ni nani?"

"Bibi Isobeli," nikasema. "Ninafundisha naye."

"Ni mtani wangu?"

"Hapana."

"Sasa ananitukana kwa haki gani?"

"Mimi..." Nikapangusa pua. "Mimi nilishindwa, mtani. Nikaona ulivyo, nikashindwa."

Akanitazama tangu miguuni mpaka kichwani, taratibu, na miguuni alikaa zaidi.

"Umeshindwa," akasema. "Umetoka Masasi mpaka hapa na hiyo miguu ya tembo, umenenepa hivyo, mimi nimekonda hivi, ukashindwa hata kunitukana mwenyewe. Ukakodi Mzungu akufanyie!"

Mama mmoja akacheka, akajiziba mdomo. Mwingine naye. Mimi nililia na kucheka kwa pamoja mpaka sikujua kipi ni kipi.

"Faini," akasema Mama Yohana. "Mtu haji nyumbani kwangu akanitukana bila haki. Asonge ugali. Leo. Yeye mwenyewe, peke yake."

Basi Bibi akapelekwa jikoni. Nilimwonyesha unga wa muhogo na mwiko, nikakaa kando, maana faini ni faini. Moshi ulimwingia machoni, ugali ukamshika mwiko ukakataa kumwachia, jasho likamchora mistari kwenye vumbi la jana. Katikati ya kazi hiyo akasimama.

"Wale washairi wangu," akasema. "Mmoja alipofiwa, unadhani mwenzake alikwenda?"

"Mimi nitajuaje? Koroga, unaungua."

Akakoroga. Lakini nilimwona midomo inacheza, na nadhani ile sura aliyoandika ilianza kuvunjika palepale juu ya mafiga. Sasa mkimwona mezani kwake amejaza karatasi zilizokatwa mistari, msimwulize kitu.

Ugali ulitoka na madonge makubwa kama viazi. Bibi aliubeba mwenyewe, akaupeleka uani pamoja na kisamvu walichopika wenyeji, akapiga goti vibaya, akauweka mbele ya Mama Yohana. Watu wakasogea. Mama Yohana akauinamia, akaunusa.

"Siwezi kuusema mpaka niuonje," akasema.

Akamega. Akatafuna muda mrefu.

"Huu si ugali. Hili ni tope la njia ya kisimani." Akamega tena, ili kuhakikisha. "Na huku mbichi." Akachovya kisamvu. "Na huku umeungua. Mtu mmoja anawezaje kuunguza na kuacha mbichi kwenye chungu kimoja? Kwao hakuna mama?" Akamega upande mwingine. Kila tonge na tusi lake, kila tusi na tonge lake, na Bibi amekaa mbele yake anapokea kwa kuitikia kwa kichwa, kama mtoto anayesutwa na shangazi. Yohana aliondoka akaenda nyuma ya nyumba, na tulisikia anavyolia huko, tukajifanya hatusikii.

Mama Yohana akakwangua sahani kwa vidole, akavilamba, akaisukuma mbele.

"Mbaya kabisa," akasema. "Ongezeni."